BWANA SHAMBA: MAZIWA NA NJIA YENYE KONA

Ndugu mfugaji, unapeleka maziwa kituoni kwa miguu. Unatembea kilomita 4 mashariki, unakata kona, kisha kilomita 3 kaskazini. Umetumia saa 2. Gawa 7 kwa 2: mwendo wako wa wastani ni kilomita 3 na nusu kwa saa.

Lakini kutoka zizini hadi kituoni kwa mstari ulionyooka ni kilomita 5. Gawa 5 kwa 2: umekisogelea kituo kilomita 2 na nusu tu kila saa. Ukirudi zizini, hesabu hii ya pili ni sifuri, ingawa miguu inauma!

Wengi hukitazama kituo kutoka mlimani, wakapanga muda kwa kilomita 5. Wanachelewa zaidi ya nusu saa, na joto linachachusha maziwa. Panga kwa kilomita 7, uondoke mara umalizapo kukamua.