Historia ya Uhalifu Haianzii Obunga

Dai kwamba Obunga, mtaa wa mabanda unaopika chang'aa, ndio chimbuko la uhalifu wa jiji la Kisumu, Kenya, huchapishwa tena kila baada ya msako wa pombe hiyo kali ya kienyeji. Anayeliandika amesoma kitabu cha matukio cha polisi akakiita historia. Sikubali.

Sheria ya mwaka 1980 ilipiga marufuku chang'aa. Mama aliyekuwa akisomesha watoto kwa pipa la molasi akawa mhalifu bila kubadili chochote katika kazi yake. Mwaka 2010 sheria ya kudhibiti vileo, maarufu kama Sheria ya Mututho, ilifuta marufuku hiyo, lakini ikadai leseni na viwango ambavyo mpishi wa chang'aa wa kichochoroni hana mtaji wa kuvifikia. Msako ukabaki, na hongo pia. Kuhesabu waliokamatwa bila kuichunguza sheria iliyowakamata ni kupima bidii ya polisi, si maovu ya mtaa.

Wizi upo, na wanaoumia kwanza ni wakazi wenyewe. Anayekaanga mgongo wazi, mabaki ya mbuta kutoka viwanda vya minofu, anahitaji taa, njia inayopitika na kituo cha polisi atakaposhtaki bila kudaiwa chochote. Mwandishi akimpa mbunge picha ya mtaa wa wahalifu, mbunge ataleta rungu tu.

Rungu tunalijua. Agosti 2017, katika mtaa wa Nyalenda, pia Kisumu, polisi waliingia nyumbani kwa kina Samantha Pendo, mtoto wa miezi 6, naye akapigwa na kufa kutokana na majeraha. Uchunguzi wa mahakama mwaka 2019 uliwabebesha maafisa wa polisi lawama. Anayeandika historia ya uhalifu Kisumu aiandike sura hiyo kwanza.