Mbu wa saa za kazi

Jamani, nina neno na wenzangu wa Mji Mkongwe. Tukisikia mbu tunafikiria usiku, chandarua na malaria, basi. Kumbe yupo mwingine anayefanya kazi mchana kweupe! Ni mweusi, ana mistari myeupe miguuni, na anapenda kuuma vifundo vya miguu chini ya meza. Wataalamu humwita Aedes aegypti. Ndiye aliyewasambazia homa ya dengi wenzetu wa Dar es Salaam mwaka 2014, na tena 2019. Na Dar ni mwendo wa boti tu.

Huyu habagui nyumba safi. Ndoo ya bafuni, pipa la maji, chombo cha maua, kifuu kilichosahauliwa uani, vyote kwake ni nyumba. Maji yakikatika tunahifadhi, na hapo tunamfuga wenyewe. Kumwaga peke yake hakutoshi, maana mayai yake hushika kwenye ukingo wa chombo na huweza kukaa makavu miezi kadhaa yakingoja maji. Sugua, kisha funika.

Wanaosema wadudu hawashindiki wakumbuke mbung'o, aliyekuwa akiwaambukiza ng'ombe wetu nagana hapa hapa Unguja. Kuanzia 1994 ndege ndogo zilimwaga madume zaidi ya milioni 8 waliozalishwa Tanga na kufanywa tasa kwa mionzi. Jike kwa kawaida hupandwa mara moja, akimpata dume tasa uzazi umekwisha. Mbung'o wa mwisho alinaswa 1996. Hata kabla ya hapo, kule Makunduchi, watafiti walimwaga vyooni punje nyepesi za plastiki. Zikaelea, viluwiluwi wakakosa hewa, na mbu waenezao matende wakapungua mno. Walijua mdudu anazaliwa wapi, wakamfuata huko huko.

Kwa hiyo mimi sishabikii kupuliza dawa hovyo. Ningefurahi zaidi kumwona sheha anapita na vijana kila wiki kukagua mapipa. Tena tuna paka kila uchochoro: dawa ya mbwa yenye pamethrini, ile ya kuulia kupe na viroboto, inaweza kumuua paka. Usimpake!

Na ukishikwa na homa kali, macho yakiuma kwa ndani, usikimbilie aspirini wala ibuprofeni. Kama ni dengi zitakuzidishia kutokwa na damu. Meza parasetamoli, kunywa maji, nenda ukapime.