Fimbo haitatuokoa na kifutu

KAULI YA JUMA
Na Rashidi Mwakaje

Nyoka akionekana shambani, shauri letu huwa moja: auawe. Fimbo, mapanga na mawe hukusanywa, na akishapondwa kichwa kila mtu hurudi kwake akiamini hatari imepungua kijijini. Kwa kifutu, ambaye wengine humwita moma au bafe, imani hiyo haina msingi. Anayeuma watu kwa kawaida ni yule ambaye hakuna aliyemwona, na huyo fimbo haimfikii. Ninachotetea hapa ni kwamba usalama wetu unategemea zaidi tunavyotembea, tunavyolala na tunavyohifadhi nafaka kuliko idadi ya nyoka tunaowaua.

Tuanze na tabia yake. Kifutu hakimbizi windo. Hujilaza kando ya njia ya panya akasubiri kwa saa nyingi, rangi yake ikifanana na udongo na majani makavu. Mwaka 2015 watafiti wa Chuo Kikuu cha Witwatersrand, Afrika Kusini, walionyesha kuwa hata mbwa waliofunzwa kunusa walishindwa kumbaini kifutu aliye hai. Kiumbe aliyejaliwa kujificha namna hiyo hana sababu ya kukimbia akihisi nyayo. Hutulia, na mara nyingi binadamu hupita karibu naye bila kujua. Akibughudhiwa hujivimbisha na kupuliza pumzi kwa kelele, lakini si kila mara. Akikanyagwa, huuma papo hapo. Hata nyoka wa Marekani mwenye njuga mkiani, ambaye ni wa jamii moja naye, huweza kukaa kimya bila kuitikisa njuga yake. Anayengoja nyoka amwonye kwanza amejiweka rehani.

Tabia hiyo ndiyo inayotuelekeza pa kujikinga. Kwa kuwa meno hutua zaidi mguuni, viatu vilivyofunika kifundo vina thamani kuliko panga. Kwa kuwa kifutu hutembea zaidi usiku, tochi, hata ile ya simu, isikosekane kwenye njia ya chooni. Kuni zipinduliwe kwa kijiti kabla ya kushikwa, na mahindi yasirundikwe penye vitanda, maana panya huvutwa na nafaka na nyoka huvutwa na panya. Chandarua kilichochomekwa vizuri chini ya godoro nacho kina kazi mbali na mbu: utafiti uliofanywa Nepal na kuchapishwa mwaka 2007 uliwakuta wanaolala ndani ya chandarua wakiumwa kwa nadra zaidi. Huku kwetu kinga hiyo inafaa hasa dhidi ya swila, ambaye huingia nyumbani usiku na kuwauma waliolala.

Najua nitaulizwa: je, kifutu aliye uani penye watoto aachwe? La. Watoto waondolewe, mtu mzima amwangalie kwa mbali, na mwenye ujuzi aitwe, kama wanavyofanya watu wa kituo cha nyoka cha Bio-Ken, Watamu, wanapoitwa kumwondoa nyoka. Asipokuwepo mjuzi, nyoka aachiwe njia ya kutoka. Anayemwendea na fimbo fupi anaingia mwenyewe ndani ya umbali ambao kifutu hufyatuka kwa kasi isiyokwepeka. Tena kumuua mmoja hakupunguzi sana, kwani jike huzaa watoto kwa makumi. Mmoja mwenye asili ya Kenya, aliyefugwa katika bustani ya wanyama ya Ucheki, alizaa 156 kwa mkupuo mmoja. Panya wakibaki, mwingine atakuja.

Hoja nzito zaidi ni ya umaskini: viatu na tochi ni pesa, na anayelima peku hakuchagua. Ni kweli, na ndiyo maana jambo hili ni la serikali pia. Marekani watu 7,000 hadi 8,000 huumwa na nyoka wenye sumu kila mwaka, lakini wanaokufa ni kama watano tu. Nyoka wao wana sumu kali. Tofauti kubwa ni kwamba mgonjwa hufika hospitali akaikuta dawa. Duniani, Shirika la Afya Duniani linakadiria vifo 81,000 hadi 138,000 kwa mwaka, na wanaokatwa viungo au kubaki na ulemavu ni takriban mara tatu ya hao. Afrika ilipata pigo kampuni ya Sanofi Pasteur ilipoacha kutengeneza Fav-Afrique, dawa ya sumu ya nyoka, mwaka 2014. Pengo kama hilo likibaki wazi, watu hukimbilia chale, jiwe jeusi na kamba ya kukaza mguu, ilhali sumu ya kifutu huozesha nyama na kamba huzidisha madhara. Aliyeumwa avuliwe pete na viatu, atulizwe, mguu usitikiswe, apelekwe hospitali bila kuchelewa.

Basi madiwani wanapopitisha bajeti, waulize zahanati ya kata ina dawa ya sumu ya nyoka au haina, na usafiri wa mgonjwa usiku ni upi. Sisi wengine tuna ya kuanza nayo leo: viatu, tochi na ghala lisilo na panya.