Cheo Kilichocheleweshwa, Pensheni Iliyopungua



Mwalimu anapostaafu huku kwetu Chemba, watu humwuliza jambo moja: amelipwa kiasi gani? Ni wachache wanaomwuliza alistaafu akiwa katika daraja gani, ingawa hilo ndilo swali lenye uzito. Kwa utaratibu ulioanza tarehe 1 Julai 2022, pensheni ya mtumishi wa umma hutokana na miezi aliyochangia, ikagawanywa kwa 580, kisha ikazidishwa kwa wastani wa mshahara wa mwaka katika miaka mitatu aliyolipwa vizuri zaidi. Na mshahara hufuata cheo. Mathalani, aliyechangia miezi 360, na ambaye katika miaka hiyo mitatu mshahara wake ulipungua kwa shilingi 100,000 kila mwezi kwa kuwa hakupandishwa kwa wakati, amepoteza takriban shilingi 744,800 za pensheni ya kila mwaka, kabla haijagawanywa kati ya mkupuo na malipo ya mwezi. Hasara hiyo haikomi siku anapokabidhi ofisi. Ataibeba muda wote atakaokuwa hai.

Tunayasema haya kwa sababu ya yaliyotokea kuanzia Juni 2016, Serikali iliposimamisha upandishaji vyeo ili kuhakiki watumishi hewa. Uhakiki wenyewe ulikuwa wa haki. Mshahara wa mtu asiyekuwapo ni wizi, na tarehe 28 Aprili 2017 ripoti iliyokabidhiwa katika Chuo Kikuu cha Dodoma ilitaja watumishi 9,932 wenye vyeti vya kughushi. Lakini mwaminifu naye alisimamishwa pamoja na mdanganyifu, akisubiri asichokuwa na hatia nacho. Vyeo vilirejea polepole, na kwa upana zaidi tangu mwaka 2021. Baadaye likaja lile linaloitwa mserereko, la kuwarudishia waliocheleweshwa daraja walilostahili. Tunashukuru kwa hilo. Hata hivyo mserereko hupandisha aliye kazini. Aliyetimiza miaka 60 katikati ya kipindi hicho aliondoka na mshahara ule ule uliosimama, na sauti yake haisikiki popote.

Taifa limebishana sana juu ya kikokotoo. Kanuni za mwaka 2018 zilishusha mkupuo hadi asilimia 25; Rais Magufuli akazisitisha tarehe 28 Desemba mwaka huo; mwaka 2022 ikawekwa asilimia 33; na mwaka 2024 ikapandishwa hadi 40 kwa waliokuwa wakipata 50 hapo zamani, na 35 kwa wengine. Ubishi huo ulikuwa na maana yake. Lakini kuongeza mkupuo hakuongezi mkate: ni kukata kipande kikubwa zaidi asubuhi na kuacha kidogo kwa jioni. Ukubwa wa mkate ulishaamuliwa na cheo na miezi ya michango, mambo ambayo hayakupigiwa kelele.

Wilaya yetu ilizaliwa kutoka Kondoa mwaka 2012. Mtumishi aliyeajiriwa kabla ya hapo alianza kazi chini ya halmashauri nyingine, na yampasa aweze kuonyesha safari yake yote kwa karatasi: barua ya ajira ya kwanza, ya kuthibitishwa kazini, za kupandishwa, za uhamisho. Kwa anayeishi Kwa Mtoro au Farkwa, mbali na lami ya Dodoma hadi Babati iliyofunguliwa mwaka 2018, kila barua inayokosekana ni nauli na siku za shamba zilizopotea.

Lipo na kosa la njia. Tangu marekebisho ya mwaka 2016 katika Sheria ya Utumishi wa Umma, mtumishi hana budi kumaliza kwanza ngazi za malalamiko zilizomo katika sheria hiyo kabla ya kukimbilia vyombo vya usuluhishi wa kazi. Anayeruka ngazi hurudishwa mwanzo, na muda wa rufaa haumngojei. Basi dai liandikwe kwa mwajiri, na nakala yenye muhuri wa kupokelewa itunzwe nyumbani.

Papa Yohane Paulo II, katika waraka wake *Laborem Exercens* wa mwaka 1981, aliihesabu pensheni miongoni mwa haki za mfanyakazi. Mtume Yakobo naye alikemea ujira wa wavunaji uliozuiliwa. Kwa hiyo mstaafu anayedai haombi sadaka, na viongozi wa jumuiya ndogondogo wasimwone mlalamishi. Tena sisi wenyewe, tulio na makatekista na watumishi wa zahanati, tuulize kama michango yao ya NSSF inafika.

Kwa Halmashauri tuna ombi moja. Kila mtumishi aliyebakiza miaka mitatu kabla ya kustaafu aitwe na kuonyeshwa jalada lake: daraja, michango na malimbikizo anayodai, angali ana meza ofisini na mtu wa kumjibu.