Shauri Likichelewa, Je, Haki Imekufa?

Ndugu wafanyakazi, na ninyi wakaaji wote wa Kisangani:

Mimi ni karani wa mgodi. Kazi yangu ni kuandika majina na tarehe. Jambo moja niliyoandika haliniachi. Wenzetu kumi na mmoja walifukuzwa kazi, wakaamriwa kutoka katika nyumba za kambi. Wakapeleka mashtaka yao tribinali. Tarehe ikasogezwa mara tatu. Siku ya kusikilizwa ilipofika, nyumba zilikuwa zimekwisha kubomolewa. Bwana hakimu akasema: "Mliomba msitolewe, nanyi mmekwisha kutolewa. Hapana tena neno la kuamua." Karatasi zikafungwa.

Ndugu, maji yakimwagika hayazoleki, twajua. Lakini aliyeyamwaga asiulizwe?

Ziko kesi zinazokwisha kweli. Mtu akidai mshahara wake, akalipwa wote kabla ya siku ya kesi, tribinali itaamua nini? Huyo amepata alichotaka. Wenzetu hawakupata, walinyang'anywa wakingoja.

Tazameni kesi ya nchi yetu wenyewe. Tarehe 11 Aprili 2000 hakimu mmoja wa Ubelgiji alitoa hati ya kumkamata Bwana Yerodia Abdoulaye Ndombasi, aliyekuwa Waziri wetu wa Mambo ya Nje, akimshtaki kwamba mwaka 1998 alichochea chuki juu ya Watutsi. Mwezi wa Oktoba Kongo ikaishtaki Ubelgiji mbele ya Mahakama ya Kimataifa, The Hague. Kesi ikiendelea, Yerodia akatoka katika uwaziri. Ubelgiji ikasema: si waziri tena, basi kesi haina kitu. Tarehe 14 Februari 2002 Mahakama ikakataa neno hilo kwa kura 15, na moja tu ya kupinga. Ugomvi ungalipo, ikasema: hati ile ilipotolewa, ilikuwa halali ama sivyo? Kisha kwa kura 13 juu ya 3 ikaamua kwamba Ubelgiji ilivunja sheria. Haikusema Yerodia hana kosa; ilisema waziri wa namna ile, akiwa kazini, hakamatwi na tribinali ya nchi nyingine.

Na sisi tuliobaki na makaburi ya Juni 2000, majeshi ya Uganda na Rwanda yalipopigana siku sita mjini mwetu? Askari wa Uganda walitoka Kongo mwaka 2003. Kutoka kwao hakukufuta deni. Mahakama ile ile iliihukumu Uganda mwaka 2005, na tarehe 9 Februari 2022 ikaiamuru iilipe Kongo dola milioni 325.

Basi, ndugu, mkipeleka shauri, msiandike "wazuieni" peke yake. Andikeni pia: "Tamkeni kama jambo hili ni halali, na hasara yetu ilipwe." Hapo ukuta ukianguka kabla ya siku ya kesi, hakimu bado ana neno la kuamua. Na mahakimu nao wajue: anayesogeza tarehe anamsaidia mwenye nyundo.

Nyumba hubomolewa kwa asubuhi moja. Deni halibomoki, dawa yake ni kulipa.

Karani wa Mgodi