Adui Naye Ana Haki Yake

Mnyonge mnyongeni, lakini haki yake mpeni. Wahenga walisema, ila wapenzi wa sinema za Kichina hawakusikia. Ukiwauliza, Bruce Lee atatajwa kabla swali halijakwisha. Na Shih Kien je? Kimya.

Shih Kien, mzaliwa wa mwaka 1913, alikuwa adui kwa kazi. Filamu za Wong Fei-hung zilipoanza kutolewa Hong Kong mwaka 1949, Kwan Tak-hing alikuwa shujaa, yeye mwovu wa kupigwa. Akaanguka filamu baada ya filamu, miaka nenda miaka rudi, ili mwingine asimame. Mwaka 1973, mtu mzima wa miaka 60, akapambana na Bruce Lee katika Enter the Dragon kwa jina la Bwana Han. Hata sauti yake hakuachiwa: Kiingereza kitokacho kinywani mwake ni cha Keye Luke.

Wako wawabezao watafsiri wa video, wale wanaomtia kila mwigizaji Kiswahili mdomoni. Derek Gaspar Mukandala, maarufu kwa jina la Lufufu, aliifanya kazi hiyo ikajulikana Tanzania nzima. Wabezaji huiita uharibifu wa sanaa. Uharibifu gani? Bwana Han alikwisha kunyang'anywa sauti huko huko Hollywood, kabla kanda haijavuka bahari.

Katika vibanda vya video vya Ngara na Biharamulo, ambako mtoto hulelewa kwa Kihangaza au Kisubi na kusoma kwa Kiswahili, mtafsiri haivunji filamu, huifungua. Na mwenye kufaidi zaidi ni adui. Shujaa hueleweka kwa ngumi. Mwovu asiye na maneno ni kelele tu. Hila yake, dharau yake, hata hofu yake, zote zataka lugha.

Watu wa mwambao hawana haki ya kulishangaa jambo hili. Mwaka 1728, huko Pate, Mwengo wa Athumani alikitwaa kisa cha vita kutoka Uarabuni akakitungia utenzi wa Kiswahili. Utenzi huo wa Tambuka huitwa pia Chuo cha Herekali, na Herekali ndiye adui! Nani amwitaye Mwengo mharibifu?

Shih Kien alifariki mwaka 2009, na umri wa miaka 96. Shujaa asiye na adui wa kumtosha hapigani, anacheza ngoma peke yake. Basi wanaomsifu Lee na wampe Han haki yake, na mtafsiri aliyemrudishia ulimi wasimsahau.