Sam Langford: Bingwa Aliyenyimwa Ulingo

Wahenga walisema: mnyonge mnyongeni, lakini haki yake mpeni. Katika historia ya ngumi wako walionyongwa na haki yao wakanyimwa. Mmoja wao ni Sam Langford, ambaye wengi wanaolijua vyema jina la Muhammad Ali hawajapata kumsikia.

Langford alizaliwa katika miaka ya 1880 huko Weymouth Falls, nchini Kanada, akahamia Boston, Marekani, angali kijana. Kimo chake kilikaribia futi tano na inchi saba tu, lakini alipigana na mabondia wa uzito wa juu na wengi wao akawaangusha. Mwaka 1906 alipambana na Jack Johnson, aliyemzidi kimo na uzito, akashindwa kwa pointi baada ya raundi 15.

Mwaka 1908 Johnson alikuwa Mtu Mweusi wa kwanza kutwaa ubingwa wa dunia wa uzito huo. Mtu angetazamia kwamba yeye, aliyeonja uchungu wa kufungiwa mlango kwa ajili ya rangi yake, angewafungulia wenziwe. Haikuwa hivyo. Langford alidai pambano kwa miaka, bingwa hakukubali. Hadi alipopoteza taji mwaka 1915, Johnson alimpa nafasi Mweusi mmoja tu, Jim Johnson, mjini Paris mwaka 1913.

Wako watakaomtetea, na utetezi wao una uzito. Mchezo ulikuwa mikononi mwa wafanyabiashara, na fedha nyingi zilipatikana Mweusi alipopambana na Mweupe. Isitoshe, Johnson mwenyewe aliandamwa mahakamani kwa chuki ya rangi. Hayo yanaeleza kitendo chake, hayakihalalishi.

Matokeo yake ni nini? Mabondia Weusi hodari waliachwa wapigane wao kwa wao. Langford na Harry Wills walikutana zaidi ya mara 15, na hakuna hata mmoja wao aliyepata kuugombea ubingwa wa dunia wa uzito wa juu. Baada ya 1915 ilipita miaka 22 kabla ya Mweusi mwingine, Joe Louis, kupewa nafasi hiyo mwaka 1937. Wakati huo Langford alikuwa amekwisha staafu, macho yake yameharibika. Mwaka 1944 mwandishi wa gazeti, Al Laney, alimkuta Harlem, mjini New York, kipofu na fukara. Watu wakamchangia, naye akaishi hadi 1956.

Mchango ule ulikuwa jambo jema. Lakini ulikuwa huruma, na alichostahili Langford ni haki.

Sisi tuliosomeshwa kwa jasho la wakulima tusiisome habari hii kama ya michezo tu. Kila ofisi na kila shule ina Langford wake: mwenye uwezo, anayesubiri nafasi. Aliyepanda kwa ngazi ya haki, kisha akaivuta juu, hana tofauti na yule aliyemzuia jana.